Vipimo Kumi na Sita vya Bwana Tatu

Bendi kubwa ya jazi huwa na wapiga tarumbeta wanne, na kila mmoja ana ugonjwa wake. Wa kwanza anaumwa kichwa, maana kimemvimba kwa sifa. Wa pili anaumwa kijicho, na kila siku anaombea midomo ya wa kwanza ipasuke. Wa nne anapiga noti za chini kabisa, na ugonjwa wake ni usingizi. Wa tatu ndiye mzima wa afya, kwa sababu moja tu: hakuna anayejua kama yupo, na hata maradhi yakija kumtafuta hayamwoni.

Basi huyu tunayemsema alikuwa wa tatu kwa miaka thelathini na mmoja. Wenzake walimwita Bwana Tatu, na jina likamganda mpaka kwenye karakana ya Shirika la Reli alikofanya kazi mchana. Huko alikuwa fundi mizani. Mizani zote za kupimia mizigo katika mabohari ya Shirika zilipita mikononi mwake; alizifungua, akazisafisha, akaweka mawe ya kupimia, akautazama mshale mpaka utulie kwenye sifuri. Kazi hiyo ilimfaa. Mizani ikiwa sawa hakuna anayemkumbuka fundi, ikiegemea ndipo watu huuliza, "Nani kaitengeneza hii?" Na kila alasiri ya Jumamosi alivaa koti la bendi ya Shirika, akapanda jukwaani, akafanya kazi ileile kwa chombo kingine.

Niseme kidogo kuhusu hiyo kazi, kwa sababu wengi wanacheza muziki wake bila kuijua. Wimbo wenyewe, ule ambao watu huondoka ukumbini wakiuimba, ni mali ya tarumbeta ya kwanza. Ya tatu hupewa sauti ya katikati, isiyo juu wala chini. Ukiipiga peke yake, inafanana na mtu anayezungukazunguka nyumbani akitafuta miwani. Na nusu ya karatasi yake ni kunyamaza. Kunyamaza nako kuna hesabu: moja-mbili-tatu-nne, hicho kipimo kimoja, mbili-mbili-tatu-nne, hivyo viwili, unakwenda hivyo hadi vipimo sitini na vinne, unaingia kwa noti mbili, halafu unarudi kunyamaza. Ukichelewa umeharibu. Ukiwahi ndiyo balaa kabisa.

Mtu akihesabu hivyo miaka nenda miaka rudi, hesabu humwingia kwenye damu. Ukimsalimu Bwana Tatu, alingoja kipimo kizima ndipo akaitikia. Siku ya ndoa yake, msajili alipomuuliza kama anamkubali bibi harusi, alikaa kimya vipimo vinne kamili. Kaka wa bibi harusi, huyo shemeji ambaye tutakutana naye tena kwa bahati mbaya, alikuwa ameshavua saa ya mkononi ili apigane vizuri. Ndipo bwana harusi akasema, "Nakubali," kwa sauti nzuri na kwa wakati wake.

Bibi harusi alikuwa fundi cherehani, na walikuwa wamekutana kwa sababu ya makoti. Shirika lilitaka makoti kumi na saba ya bendi, na kazi akapewa yeye, binti mwenye kidole kilichotobolewa na sindano na mdomo usiokopesha. Msimamizi wa stoo alimwambia ayashone bila bitana. Bitana ni kitambaa cha ndani, hakionekani, kwa hiyo ya nini?

"Haionekani, ndiyo," binti akamjibu. "Lakini koti bila bitana linakaa mwilini kama gunia. Mtu hatajua lina nini, ila atajua halikai."

Akayatia bitana yote kumi na saba. Alipofika kwa Bwana Tatu, akampima kifua, akamuuliza, "Na wewe unapiga ipi?"

"Ya tatu," akajibu, baada ya kipimo kimoja.

Jumamosi ile binti akaenda dansini, akakaa mstari wa mbele, akatega masikio. Dansi lilipokwisha alimfuata nyuma ya ukumbi. "Nimesikiliza kwa makini," akasema. "Nisikudanganye. Sijakusikia."

Mwingine angeudhika. Bwana Tatu alihesabu, kisha akasema jambo ambalo lingemsumbua kwa miaka thelathini: "Siku moja utanisikia mimi peke yangu. Nakuahidi."

"Haya," binti akasema, "nitangoja." Na kwa kuwa alikuwa mtu wa neno lake, akangoja. Akaolewa akingoja, akazaa wawili akingoja, akaitwa Mama Cherehani na mtaa mzima akingoja.

Si kwamba fursa hazikupatikana. Mwaka wa saba wa ndoa, ukumbi ulikuwa umejaa hadi madirishani, na bendi ilikuwa katikati ya wimbo mmoja wenye ujanja wake: bendi nzima hukata ghafla, ukumbi unabaki kimya kipimo kizima, kisha wote hurudi kwa kishindo. Bwana Tatu alikuwa ananyamaza vipimo vyake sitini na vinne, akihesabu kwa vidole juu ya goti. Alipofika hamsini na kitu akainua macho, akamwona mkewe anaingia mlangoni na mtoto kiunoni, kaka yake nyuma yake. Moyo ukamruka, na hesabu ikaruka nao. Akaingia kipimo kimoja kabla ya wenzake, katikati ya ule ukimya.

Noti moja, nzima, iliyonyooka, peke yake mbele ya watu mia tatu. Na tuwe wakweli, ilikuwa noti nzuri.

Mama Cherehani wakati huo alikuwa ameinama chini ya kiti, anatafuta kiatu cha mtoto kilichodondoka, na mtoto analia. Hakusikia kitu. Aliyesikia ni shemeji, akauliza kwa sauti ya kutosha, "Nani huyo kamkanyaga bata?" Watu wakavunjika mbavu.

Nyumbani mkewe alimuuliza kama walipiga vizuri. "Vizuri," akasema, akaenda kuoga. Angeweza kumwambia: ile ndiyo ilikuwa ahadi yangu, umeikosa kwa ajili ya kiatu. Lakini hakutaka ahadi yake itimizwe na kosa. Na hilo la bata lilimchoma, asikudanganye mtu.

Kisha redio ikaja kuirekodi bendi. Siku ya kutangazwa walikaa sebuleni wote, na shemeji naye alikuwepo, maana hakualikwa. Mtangazaji akataja majina ya wapiga solo: akamtaja wa tarumbeta ya kwanza, yule waliyemwita Mdomo wa Chuma, akamtaja wa saksofoni, akamtaja wa piano, akamalizia, "na wengineo." Bwana Tatu akajinyoosha kitini. "Hao wengineo," akasema, "ndio mimi."

Wimbo ukaanza. Mdomo wa Chuma akapanda juu, akakaa huko, akavuma kama debe. "Sasa sikilizeni," Bwana Tatu akasema, kidole hewani. "Chini yake... hapo!"

"Hapo wapi?" shemeji akauliza.

"Pameshapita. Subiri... hapo!"

"Shemeji, hiyo tarumbeta yako si imekwisha betri?"

Mama Cherehani alimnyamazisha kaka yake kwa jicho, akaenda kuweka sikio kwenye kitambaa cha redio, akafumba macho. Akakaa hivyo muda. Kisha akageuka na kutabasamu. "Nimekusikia," akasema. "Hapohapo. Umetoka vizuri."

Bwana Tatu akamshukuru. Hakumwambia kwamba wakati ule tarumbeta ya tatu ilikuwa inanyamaza vipimo vinane. Alimpenda zaidi siku ile kuliko siku ya ndoa, na alihuzunika zaidi pia.

Tumaini lake lilibaki moja. Bendi ile ilikuwa na desturi ya tangu kuanzishwa kwake: anayestaafu, Jumamosi yake ya mwisho, husimama mbele kwenye maikrofoni na kupewa vipimo kumi na sita peke yake. Haijalishi anapiga nini. Bendi yote humpigia kwa nyuma, polepole, naye aseme la moyoni. Wa tromboni mmoja alilia vipimo vinane na kupiga vinane. Wa nne wa tarumbeta aliyetangulia alipiga vyote kumi na sita akiwa, kwa maoni ya wengi, bado amelala. Desturi ni desturi, kila mtu alipata.

Kwa hiyo wenzake karakanani walipofika miaka hamsini na minane na kuanza kuulizia kama tarehe ya kuzaliwa inaweza kusogezwa mbele ili wachelewe kustaafu, yeye alitamani yake irudishwe nyuma. Alizitunga noti zake za vipimo kumi na sita kwa miaka kumi na moja. Saa ya chakula cha mchana, karakana ikiwa tupu, alitia kiziba kwenye mdomo wa tarumbeta ili isisikike nje, akazipigia mizani. Aliandika, akafuta, akaandika tena. Katika noti zile alitia kidole kilichotobolewa na sindano, alitia kiatu cha mtoto, alimtia hata shemeji, mahali panapokoroma kidogo. Zilipokamilika hakumpigia mtu.

"Jumamosi ya mwisho ya mwezi wa sita," akamwambia mkewe. "Vaa vizuri."

"Nimengoja miaka thelathini," Mama Cherehani akasema, "nitavaa ovyo?" Akajishonea gauni la kijani. Na mfuko wa kubebea tarumbeta, uliokuwa umechakaa, akaushona upya kwa kitambaa kilekile kilichobaki.

Siku ikafika, na pamoja nayo akafika ofisa itifaki. Mkurugenzi mpya wa Shirika alipenda mambo yaende kisasa, na safari hii aliamua mstaafu aenziwe kikweli. Ofisa akamkuta Bwana Tatu nyuma ya jukwaa, koti limepigwa pasi, mfuko wa kijani mkononi.

"Mzee, wewe leo ni meza kuu."

"Nitakwenda nikishapiga."

"Hapana, mzee wangu. Mgeni rasmi hafanyi kazi kwenye sherehe yake. Itakuwa kama tumekudhalilisha. Utaratibu umebadilika."

Bwana Tatu akamtazama kiongozi wa bendi, na kiongozi wa bendi akatazama viatu vyake. "Sasa kiti cha tatu akae nani?" kiongozi akauliza, apate la kusema.

"Acha kiwe wazi," Mdomo wa Chuma akasema huku akifuta tarumbeta yake. "Nani atajua?"

Hakusema kwa ubaya. Hilo ndilo lililouma zaidi.

Wakampeleka meza kuu, kwenye kitambaa cheupe na maua ya plastiki, kati ya mkewe na Mkurugenzi. Shemeji alikuwa meza ya pili, mkao wa kula. Mfuko wa kijani ukawekwa chini ya meza. Mkurugenzi akasimama, akamshukuru mzee wetu kwa miaka mingi ya kupuliza saksofoni. Kisha mtu huyo aliyehesabu moja-mbili-tatu-nne tangu ujana wake akakabidhiwa zawadi ya saa ya ukutani. Watu wakapiga makofi. Mama Cherehani akanong'ona, "Utapiga saa ngapi?"

Bwana Tatu akahesabu vipimo vinne, jibu halikuja. Akahesabu vingine vinne. "Sipigi," akasema. "Wamebadilisha."

Mama Cherehani alilainisha gauni lake la kijani magotini, mara mbili, ingawa halikuwa na mkunjo.

Bendi ikaanza. Ndipo Bwana Tatu alipogundua kwamba katika maisha yake yote hajawahi kuisikia bendi yake kutoka mbele. Siku zote aliisikia kwa mgongo, tromboni zikimpulizia kisogoni na ngoma zikimpiga mbavuni. Kumbe ilikuwa nzuri hivi! Saksofoni zilimeremeta, piano ilinyunyiza, Mdomo wa Chuma akapanda kileleni. Kisha tarumbeta zote zikaja pamoja, na akashtuka.

Palikuwa na tundu. Juu pazuri, chini pazuri, katikati pakavu. Kila zilipoingia pamoja, tundu lilikuwa palepale, kama pengo la jino ambalo ulimi hauachi kulifuata. Vidole vyake vikaanza vyenyewe kubonyeza juu ya kitambaa cheupe, noti kwa noti. Akatazama huku na huku. Mkurugenzi alikuwa anatikisa kichwa kwa furaha. Watu walikuwa wanacheza. Kweli, hakuna aliyejua.

Wimbo wa pili ulipofika katikati, Mama Cherehani akakunja uso. Akamshika mumewe mkono wa koti.

"Leo wana nini hawa?"

"Kwa nini?"

"Sijui. Wanapiga vilevile, lakini muziki haukai. Umekuwa kama koti lisilo na bitana."

Kwa mara ya kwanza tangu wajuane, Bwana Tatu alijibu bila kuhesabu. "Kiti changu kiko wazi."

Mama Cherehani akatazama jukwaani. Viti vinne, watu watatu. Akakitazama kile kiti kitupu kwa muda mrefu, kama anayetazama mshono uliomshinda.

Kiongozi wa bendi alikuwa na masikio pia; tundu lile alikuwa amelisikia, na wimbo alikuwa anauongoza kwa jasho. Wimbo ulipokwisha aliisogelea maikrofoni. "Itifaki itatusamehe," akasema. "Bendi hii ina desturi. Bwana Tatu, njoo uchukue vipimo vyako kumi na sita."

Ofisa itifaki akasimama. Mkurugenzi, aliyedhani ni sehemu ya ratiba, alikuwa ameshaanza kupiga makofi, kwa hiyo ofisa akakaa. Bwana Tatu akauvuta mfuko wa kijani, akapanda jukwaani. Maikrofoni ilikuwa pale mbele, imeshushwa ifike kwenye kimo chake. Ndani ya tarumbeta mlikuwa na miaka kumi na moja ya noti. Akaikaribia maikrofoni. Akaipita. Akaenda kukaa kwenye kiti cha tatu.

Wengine wamesema aliogopa. Hakuogopa. Alikuwa fundi mizani, na fundi mizani hawezi kuona mshale umeegemea akasimama kando yake kuhutubia. Na lile alilotaka kumwambia mkewe kwa noti za miaka kumi na moja, mkewe alikuwa ameshalisema mwenyewe pale mezani kwa neno moja la ushonaji.

Kiongozi hakuwa na la kufanya ila kuhesabu na kuanza. Wimbo ukaenda, tundu likazibika, na Mdomo wa Chuma akageuza shingo nusu, kama mtu aliyetiwa mto mgongoni. Vikaja vile vipimo kumi na sita. Desturi inataka wengine wapige kwa nyuma, polepole, na mbele awepo mmoja. Mbele hapakuwa na mtu. Ukumbi mzima ukasikia kitu ambacho huwa hakisikiki: zile sauti za nyuma zenyewe, bila wimbo juu yake. Na humo ndani, wazi kabisa, mtu alikuwa anazunguka taratibu akitafuta miwani yake, na kila alipokanyaga, nyumba nzima ilikaa sawa.

Mama Cherehani alikuwa amesimama. Hakuna aliyemwambia asimame.

Watu wakapiga makofi wakidhani ndio mtindo mpya. Mkurugenzi alimweleza ofisa itifaki kwamba jazi ya siku hizi iko hivyo. Kiongozi akamfuata Bwana Tatu kitini. "Mzee, mbona hukupiga solo?"

"Nimepiga."

"Umepiga saa ngapi?"

"Nenda kamuulize mke wangu," Bwana Tatu akasema. Mdomo wa Chuma, kando yake, aliendelea kufuta tarumbeta ambayo ilikuwa imeshatakata.

Shemeji alikuwa na maoni yake, na aliyatoa njia nzima wakati wa kurudi nyumbani. "Miaka thelathini mnangoja, unapewa nafasi, unakwenda kukaa! Angalau ungemkanyaga yule bata." Dada yake alikuwa amebeba mfuko wa kijani kifuani kwa mikono miwili.

Asubuhi iliyofuata, Bwana Tatu alikuwa juu ya kiti sebuleni, anapigilia msumari wa kutundikia saa. Chumba cha pili cherehani ilikuwa inakimbia, na mkewe akiimba kwa pua kufuata mwendo wake. Bwana Tatu akaisimamisha nyundo hewani.

Haukuwa wimbo. Wimbo kila mtu anauweza, hata shemeji. Mama Cherehani alikuwa anaimba sauti ya tatu. Hakuna mtu duniani anayeimba sauti ya tatu asubuhi akishona. Alikuwa ameishika tangu mwanzo, noti baada ya noti, mpaka kipimo cha saba, ambapo alipanda mahali pa kushuka.

"Hapo unashuka," Bwana Tatu akasema ukutani.

Cherehani ikanyamaza. "Wapi?"

"Kipimo cha saba. Anza tena, tuingie pamoja."

Akashuka kitini, akasimama mlangoni na nyundo yake, akahesabu moja-mbili-tatu-nne. Na kwa kuwa sauti ya tatu ilikuwa imeshapata mwenyewe, ikambidi yeye aimbe ya kwanza. Aliikosea vibaya. Kumbe hakuwahi kujifunza ule wimbo.